Wekeni pazia kati ya watoto na jua la fundi

Barua ya wazi kwa Mstahiki Meya wa Jiji la Dar es Salaam; kwa Waheshimiwa Mameya na Wakurugenzi wa Manispaa za Kinondoni, Temeke, Ubungo na Kigamboni; kwa Wakala wa Usalama na Afya Mahali pa Kazi; kwa maafisa elimu, maafisa afya na wenyeviti wote wa serikali za mitaa.

Waheshimiwa,

Shikamooni kwa mlionizidi umri, na kwa wengine wote salaam.

Mimi ni fundi wa kuchomelea vyuma. Huu ni mwaka wa ishirini na mbili niko kwenye kazi hii, na karakana yangu iko pembeni mwa barabara ya vumbi huku Temeke, ubavuni mwa genge la nyanya na vitunguu, mkabala na msikiti. Mkipita mkaona geti lenye maua ya chuma, au grili ya dirisha yenye umbo la jua linalochomoza, huenda ni mkono wangu au mkono wa kijana niliyemfundisha. Sikuja kulalamikia ushuru wala kodi ya pango. Naandika kwa sababu ya mwanga unaotoka mkononi mwangu mwenyewe.

Mwanga huo mnaujua. Sidhani kama kuna mkazi wa Dar es Salaam ambaye hajawahi kuuona, iwe Gerezani, Tandale, Mbagala au Gongo la Mboto. Daladala imekwama kwenye foleni, jioni inaingia, pembeni mwa barabara kuna mtu amechuchumaa, na mbele yake kuna kitone cha mwanga mweupe wenye ubuluu ambacho jicho linakikimbilia lenyewe kabla hujaamua.

Ni mzuri, na sitawaficha hilo. Usiku nikigusisha fimbo ya kuchomelea kwenye chuma, mtaa mzima unageuka buluu kwa mara moja. Kuta za tofali, mabati, majani ya mwembe, nyuso za watu waliokaa barazani, vyote vinapata rangi ambayo mchana havina. Kivuli cha mwembe kinaruka hadi juu ya ukuta wa msikiti, kinatetemeka pale, kisha kinapotea. Cheche zinamwagika chini kama chuya zinazopepetwa. Mimi nilivutwa na kazi hii nikiwa mtoto kwa ajili ya mwanga huo. Habari ya fedha niliijua baadaye sana.

Watoto wa mtaani kwetu wameutungia mji. Nimeisikia hadithi yao kwa vipande, nikiwa nimekaa kunywa chai, wao wakidhani siwasikilizi. Wanasema nyuma ya ule mwanga kuna mji wenye nyumba za buluu, mji usiojua giza, na fundi anapogusisha fimbo anakuwa ameufungua mlango wake. Mlango haukai wazi sana, kwa hiyo anayetaka kuuona mji asipepese macho. Ukifumba kabla ya hesabu ya kumi, umeshindwa. Ukifika kumi, unapewa ndege. Ndege huyo ni wa zambarau na anakufuata popote: ukitazama ukuta yupo ukutani, ukitazama mchanga yupo mchangani, ukifumba macho yupo ndani ya macho yako. Aliyepata ndege mkubwa kuliko wenzake, mwenye kukaa muda mrefu kuliko wa wenzake, ndiye mshindi wa siku ile.

Waheshimiwa, huyo ndege ni alama inayobaki kwenye jicho lililozidiwa na mwanga. Kila mmoja wetu amewahi kumwona akitazama balbu kwa bahati mbaya. Kwa watoto wale amekuwa zawadi. Wanapimana kwa ukubwa wake, na kila anayeshinda ameshinda kwa kulilisha jicho lake mwanga mwingi kuliko mwenzake.

Hadithi ilikuwa na sharti jingine, nami nililijua nikiwa nimeshachelewa: ndege humdonoa anayemtaja kwa wakubwa.

Mwaka jana, msimu wa mvua za vuli, nilikuwa na kazi ya haraka ya geti. Umeme ulikatika saa nne asubuhi, ukarudi saa moja na nusu usiku. Niliwasha mashine nikachomelea mpaka saa tatu. Watoto walikuwa ng'ambo ya barabara, hatua kama sita kutoka kwangu. Niliwapigia kelele mara mbili, "Msitazame huku!", nikashusha kofia yangu usoni nikaendelea. Na hapa kuna jambo ambalo wasiofanya kazi hii hawalijui. Fundi akishashusha kile kioo cheusi haoni kitu duniani isipokuwa pale fimbo inapoyeyukia. Mtoto anaweza kusogea hadi mgongoni kwake asijue. Sisi tunaoutoa mwanga ndio tusioona nani anautazama.

Saa nane usiku niligongewa mlango. Alikuwa bibi mwenye lile genge la nyanya. "Mwanangu, njoo umtazame huyu mtoto. Anasema macho yamejaa mchanga."

Niliposikia neno mchanga, nilijua. Hakuna fundi wa kuchomelea asiyejua mchanga huo.

Mjukuu wake, mvulana wa miaka tisa, alikuwa amejikunja kitandani, kope zimevimba, machozi yanamtiririka, na taa ya chumbani inamchoma kama moto. Bibi alikuwa ameshamwosha macho mara tatu akitafuta mchanga ambao haukuwepo. Jirani mmoja alileta maziwa ayatie machoni, mwingine akasema kiazi kibichi kikwanguliwe. Nilimwomba bibi azime taa, tukamwekea kitambaa cha maji baridi juu ya kope, tukampa dawa ya maumivu ya kiasi cha mtoto, na alfajiri tukampeleka zahanati. Siku ya tatu ndipo alipoweza kukaa barazani bila kujifunika uso. Ndipo akatusimulia habari za mji na ndege, na alipomaliza akaanza kulia upya, kwa sababu sasa ameshamtaja, na aliamini atarudi kumdonoa tena.

Bibi hakunilaumu. Alisema, "Kazi yako, utafanyaje?" Lile swali halijaniachia mpaka leo, na barua hii ni jibu langu.

Kabla ya kuijua kazi hii mtaani niliisomea chuo cha ufundi, na nilichofundishwa ni hiki. Umeme unaporuka kati ya ncha ya fimbo na chuma unafanya tao, na tao hilo lina joto la maelfu ya nyuzi. Chuma hakiyeyuki mpaka kifike karibu nyuzi 1,500, na pale kinayeyuka kama samli. Kitu chenye joto la namna hiyo hakitoi mwanga wa kuonekana peke yake. Kinatoa pia mionzi ya urujuanimno, ambayo jicho haliioni kabisa. Jua nalo linaitoa, lakini juu angani kuna tabaka la ozoni linalozuia ile iliyo kali kuliko yote isitufikie. Kati ya karakana yangu na mtoto aliyesimama ng'ambo hakuna ozoni. Kuna hewa ya hatua sita.

Mionzi hiyo inaunguza konea, ule utando angavu ulio mbele ya jicho, kama jua linavyounguza mgongo wa mvuvi. Na kama mvuvi asivyousikia mgongo wake mpaka ameshafika nyumbani, jicho nalo halisemi neno wakati ule. Maumivu yanakuja baada ya saa kadhaa, mara nyingi 6 hadi 12. Moto ukikugusa unaondoa mkono papo hapo. Mwanga huu unamwacha mtoto ashangae mpaka hesabu ya kumi, aende nyumbani, ale, alale, ndipo umwamshe. Mzazi aliyeamshwa usiku wa manane hawezi kuunganisha kilio anachokisikia na mchezo wa saa mbili jioni. Atadhani mchanga, atadhani mdudu, atadhani jicho la watu. Nina hakika kuna watoto wengi katika jiji hili ambao wameugua hivi na hakuna aliyewahi kuambiwa sababu.

Konea kwa kawaida hupona yenyewe kwa siku moja hadi tatu. Laiti mambo yangeishia hapo. Mwanga unaoonekana, hasa ile buluu, unapita hadi kwenye retina nyuma ya jicho, pale picha inapopokewa, na retina haina mishipa ya kuhisi maumivu. Ikiungua inaungua kimya, na kovu lake linaweza kubaki maisha yote. Lenzi ya mtoto nayo ni safi kuliko ya mtu mzima, inapitisha mwanga mwingi zaidi kwenda nyuma. Kwetu mafundi kuna la ziada: mwaka 2017 wataalamu wa shirika la kimataifa la utafiti wa saratani, lililo chini ya Shirika la Afya Duniani, waliiweka mionzi ya urujuanimno ya kuchomelea, pamoja na moshi wake, katika kundi la kwanza, yaani vitu vilivyothibitika kusababisha saratani kwa binadamu.

Sasa nawaomba mkumbuke tarehe 1 Septemba 2016. Jua lilipatwa. Watu walimiminika Rujewa kule Mbarali, mkoani Mbeya, kuliona likibaki pete ya moto, na sisi wa Dar es Salaam tukaliona limemegwa. Kabla ya siku ile tulionywa vya kutosha kwamba jua halitazamwi kwa macho matupu. Asubuhi yake nilipata wageni ambao sikuwahi kuwapata: mwalimu, mshona nguo, dereva wa bodaboda, wote wakitaka niwaazime kioo changu cha kuchomelea. Nilikuwa na kimoja cha namba 12 (namba ni kipimo cha weusi wake) kisicho na mkwaruzo. Tulipokezana, sekunde chache kila mtu, chini ya mwembe, na kwenye mchanga chini yetu kila tundu dogo la mwanga lililopita kati ya majani lilikuwa na umbo la mwezi mwandamo. Siku ile mtaa mzima ulijua kwamba kuna mwanga mzuri ambao hautazamwi bila kinga.

Kesho yake nilichomelea kitanda mbele ya watoto saba, na hakuna aliyesema neno, mimi nikiwemo.

Jua lile lilipatwa siku moja tu. Haya majua yetu madogo yanawaka kila siku, mtaa kwa mtaa, katika jiji ambalo sensa ya 2022 ilihesabu watu zaidi ya milioni 5, na yanawaka chini kabisa, usawa wa macho ya mtoto aliyechuchumaa. Siku ya Jumatatu, tarehe 2 Agosti 2027, jua litapatwa tena. Giza kamili litapita Misri, Saudi Arabia, Yemen na Somalia, na huku kwetu tutaliona likimegwa. Najua mtatuonya, na mtafanya vizuri. Naomba safari hii onyo hilo lishuke mpaka kwenye karakana.

Mwalimu wangu wa chuo alipenda kutukumbusha kwamba tao hili lilianza kama taa, kabla halijaunga chuma chochote. Mwaka 1878 mtaa mmoja mkubwa wa Paris uliwashwa kwa mishumaa ya tao la umeme iliyobuniwa na Mrusi Pavel Yablochkov. Lakini wale waliuweka mwanga ndani ya tufe la kioo cheupe kama maziwa, kisha wakautundika juu ya nguzo, na kioo kinazuia sehemu kubwa ya ile mionzi mikali. Sisi tumeushusha chini tukauacha uchi.

Mtauliza kwa nini tunachomelea barabarani. Geti la mita tatu haliingii kwenye chumba cha kupanga. Moshi unataka hewa. Mteja anataka aione kazi yake akipita asubuhi kwenda kazini. Na kwa nini usiku? Mgawo wa umeme wa mwishoni mwa 2023 mnaukumbuka. Miezi ile fundi hakuwa na saa ya kazi, saa yake ilikuwa ile umeme unaporudi. Hali sasa ni nafuu, lakini umeme bado unakatika kwa vipindi na tabia ya kufidia usiku tumebaki nayo. Na usiku ndipo watoto wako nyumbani, ndipo mboni ya jicho imepanuka kwa giza na inameza mwanga mwingi zaidi, ndipo buluu inapong'aa kuliko wakati wowote. Yote matatu yanakutana baada ya Magharibi.

Hapa nina hofu, na niiseme wazi. Naogopa barua hii isije ikasomwa kama ruhusa ya kuwaondoa mafundi. Oktoba 2021 tuliona wamachinga wakiondolewa pembezoni mwa barabara za jiji hili, na najua jinsi neno usalama linavyoweza kugeuka tingatinga. Fundi aliyefukuzwa barabarani haachi kuchomelea. Ana watoto wa kulisha na mashine ya mkopo. Atahamia uchochoroni, ndani zaidi, kwenye watoto wengi zaidi, na ataogopa hata kuweka bango la onyo kwa sababu bango litamtambulisha. Tafadhali, msituondoe. Tufunikeni.

Ninachoomba ni pazia. Turubai nene, plaiwudi, au bati lililopakwa rangi isiyong'aa, lenye kimo cha kumzidi mtu mzima aliyesimama, likae kati ya tao na barabara kila fimbo inapogusa chuma. Nasisitiza isiyong'aa, kwa sababu bati jipya linaurudisha mwanga kama kioo cha kujitazamia. Nimeona fundi aliyejikinga vizuri mbele, na nyuma yake bati jeupe linampelekea mwanga kisogoni, unapenya chini ya kofia mpaka machoni. Chini ya pazia ibaki nafasi ya kiganja ili hewa iingie na moshi utoke. Turubai jepesi la nailoni halifai, linashika cheche na kuwaka. Liwe zito, na ndoo ya mchanga iwe karibu. Likitoboka lizibwe siku hiyohiyo, kwa sababu mtoto atalipata tundu kabla ya mwenye turubai.

Sheria ya Usalama na Afya Mahali pa Kazi, Namba 5 ya mwaka 2003, ipo, na Wakala wa kuisimamia upo. Naomba ishuke mpaka kwa mtu mmoja aliyechuchumaa na mashine moja. Andikeni sharti la pazia kwenye leseni zetu. Mwachieni mwenyekiti wa serikali ya mtaa jukumu la kulitazama, maana yeye anatujua kwa majina, na kuona kama turubai limetundikwa hakuhitaji gari wala posho ya safari. Vijana wanaokopeshwa mashine za kuchomelea kutoka ile asilimia 10 ya mapato ya ndani ya halmashauri inayotengwa kwa mikopo ya wanawake, vijana na watu wenye ulemavu wakabidhiwe na pazia na kioo ndani ya mkopo huohuo. Gharama yake ni ndogo ukilinganisha na bei ya mashine, na kijana anayeanza na pazia hataona ajabu kuwa nalo maisha yake yote. Sisi wa zamani ndio wagumu. Nilifanya kazi miaka ishirini bila pazia nikijua kila kitu nilichoandika hapa juu.

Kuhusu vioo niseme kidogo. Kioo cha kuchomelea kina namba, na kwa mageti na grili tunahitaji namba 10 hadi 12. Kioo cha kukatia chuma kwa gesi ni namba 5 hivi, na ukivishika mkononi vinafanana, vyote vina ukijani wa chupa. Vijana wanavichanganya. Wengine wanachomelea na miwani ya jua ya mitumba, ambayo kama haina kinga ya mionzi inawadanganya tu, kwa sababu giza lake linaipanua mboni na kuikaribisha mionzi ndani. Shirika la Viwango Tanzania lingetusaidia sana kwa kufuatilia vioo vinavyouzwa bila namba.

Kwa maafisa afya: mgonjwa akija na macho ya mchanga usiku, aulizwe kama alikuwa karibu na fundi siku ile. Na ile dawa ya matone ya kutia ganzi jichoni isitoke dirishani kwenda nyumbani na mtu. Mafundi tunaijua na tunaipenda, kwa sababu inaondoa maumivu ndani ya dakika moja. Lakini inaichelewesha konea kupona, na jicho lililokufa ganzi halijui likikwaruzwa. Mwenzangu mmoja aliitumia karibu wiki nzima, akaishia na kidonda kwenye konea. Leo anaona ukungu kwa jicho la kushoto, na mshono wake wa chuma, uliokuwa umenyooka kuliko wa fundi yeyote ninayemjua, umepinda.

Na kwa walimu nina ombi ambalo nimelifikiria kuliko yote. Dakika kumi asubuhi mstarini zinatosha, lakini msiwaambie watoto "msitazame" mkaishia hapo. Mimi nilisema hivyo mara mbili usiku ule, na kwao lile katazo lilikuwa sehemu ya mchezo; mji wa siri ungekuwaje wa siri kama wakubwa hawaukatazi? Waambieni ndege wa zambarau ni nini. Waambieni anatoka wapi na kwa nini anakaa. Waambieni kwamba jicho likijaa mchanga usiku wamwamshe mkubwa na waseme walichotazama, na kwamba hakuna kitakachowadonoa kwa kusema. Kule kunyamaza kulimwongezea yule mvulana saa nzima ya mateso, kwa sababu alivumilia gizani mpaka aliposhindwa.

Mimi nimeanza. Baada ya usiku ule nilinunua turubai chakavu la lori, zito, nikalitundika kwenye fremu ya paipu yenye magurudumu ili nilisogeze kazi inaposogea. Watoto walikuja jioni wakakuta ukuta. Walisimama kidogo, wakaondoka. Siku ya tatu mjukuu wa bibi alikuja peke yake akaniuliza, "Anko, mji umeufunga?"

Sikuwa na jibu. Usiku nililala nikifikiri kwamba mtu angenifanyia hivyo nikiwa na miaka tisa, leo nisingekuwa fundi.

Asubuhi nikakata tundu kwenye turubai, nikaunga fremu ndogo ya chuma bapa kulizunguka, nikafunga humo kioo cha namba 12, na kioo cheupe mbele na nyuma yake kukikinga na cheche, nikakaza kwa boliti nne ili kisitoke kwa mkono wa mtoto. Nisipochomelea, kioo hicho ni cheusi tititi, hakionyeshi kitu. Nikigusisha fimbo kinafunguka. Buluu haipo tena. Unaona kidimbwi cha chuma kilichoyeyuka, kidogo kama punje ya hindi, kinazunguka, kinasukuma mawimbi nyuma yake, na mawimbi yanaganda moja baada ya jingine yakawa kama magamba ya samaki. Mimi nimekitazama kidimbwi hicho miaka ishirini na miwili na sijakichoka. Watoto wanapanga foleni, kila mmoja na zamu yake ya hesabu ya kumi, na wakitoka pale hawana ndege yeyote machoni. Wameshaibadili hadithi. Mji sasa uko ndani ya kidimbwi, na wakazi wake ni samaki.

Karibuni mje muone, Waheshimiwa, jioni yoyote isipokuwa Ijumaa. Kioo nimekifunga kwenye kimo cha mtoto wa miaka tisa, kwa hiyo itabidi mwiname.

Wenu,
Fundi wa kuchomelea,
Temeke, Dar es Salaam